Hilo jumba la maduka la zamani unalolipita kila siku Tanga, historia yake unaitafutaje

Ukiwa Tanga ukauliza jengo lolote la zamani limejengwa lini jibu ni moja tu, la Mjerumani hilo. Lile la kona je? La Mjerumani. Na lile lenye roshani ya mbao? La Mjerumani pia. Mi mwenyewe nimekua naamini jumba ambalo mama alikua amepanga fremu ya vitenge na kanga, pale nyuma kidogo ya Barabara ya Soko, ni la Mjerumani, na nimewaambia wageni hivo miaka na miaka mpaka nilipokaa chini nikalifatilia. Mjerumani alitoka Tanga Julai 1916 Waingereza walipoingia, na lile jumba wakati huo halikuwepo hata msingi.

Kwahiyo naandika hapa jinsi nilivofanya, kwa yeyote mwenye jengo lake analolipenda. Na jambo moja niseme mapema kabisa, anza na wapangaji, usianze na mwenye nyumba. Makaratasi ya serikali yote yanamfata mwenye mali, nani kanunua, nani kauza, nani kanyang'anywa, lakini jumba la maduka limeishi kwa wapangaji, yule wa duka la rejareja, fundi cherehani wa barazani, muuza spea za baiskeli, na hao ndo walobaki wakati wenye mali wameshahama nchi. Nimeona watu wanakimbilia ofisi ya ardhi siku ya kwanza, wanarudi na jina moja na namba ya hati, bas, historia imeisha.

Ila kabla hata ya wapangaji, litazame jengo lenyewe. Usiende saa sita mchana. Nenda saa moja asubuhi au saa kumi na moja jioni jua likiwa linapiga kwa ubavu, simama ng'ambo ya barabara, tazama ule ukuta wa juu kabisa mbele, ule unaoficha paa. Wafanyabiashara wa Kihindi wengi walikua wanaandika jina na mwaka pale juu kwa lipu iliyoinuka, baadae watu wamepaka rangi juu ya rangi mpaka huoni kitu, lakini jua la ubavu linatoa kivuli na herufi zinajitokeza zenyewe. Kwetu zilijitokeza alama nne ambazo sikuzielewa, nikazipiga picha nikampelekea mzee mmoja wa Kihindi anaeuza spea za baiskeli mtaa wa pili, akazisoma hapohapo bila kuvaa miwani, moja tisa nane tano. Nikamwambia mzee haiwezekani, mama alipanga hapa kabla ya 1985 na jengo lilikua limeshachakaa. Akacheka akaniambia hiyo siyo miaka yenu, hiyo ni Samvat.

Hapo ndo pa kushika vizuri maana wengi wanapotea hapo. Wahindi wa Kigujarati wana kalenda yao inaitwa Vikram Samvat, iko mbele ya hii yetu, na mwaka wao unaanza baada ya Diwali, Oktoba au Novemba. Kwahiyo unatoa 57 kama tarehe ni ya miezi ile ya mwisho wa mwaka, unatoa 56 kama ni kuanzia Januari mpaka Diwali inayofata. Samvat 1985 inakua kuanzia Novemba 1928 mpaka mwishoni mwa 1929. Jumba la mama lilijengwa na Mhindi enzi ya Mwingereza, limekaa na jina la Mjerumani miaka yote hiyo kwa sababu tu hakuna mtu aliesoma tarakimu nne. Ukikuta tarakimu za Kiarabu nazo usikimbilie, inaweza ikawa ni Hijria, yaani kalenda ya Kiislamu, 1345 kwa mfano ilianza Julai 1926. Mtafute shehe au mwalimu wa madrasa akusomee, au mzee wa Kibohora au wa Kiismailia kama ni Kigujarati, na mpelekee picha kubwa iliyosafishwa, usimletee mzee kitu cha kukodolea macho kwenye kioo cha simu iliyopasuka.

Kuta nazo zinaongea. Mahali lipu imebanduka tazama ndani, kama ni mawe ya matumbawe yaliyoshikwa na chokaa hiyo ni ujenzi wa pwani wa siku nyingi. Ingia ndani omba kutazama dari. Boriti za mikoko haziwezi kuvuka upana mkubwa, mita mbili na nusu, tatu hivi, ndo maana nyumba za kale vyumba vyake vyembamba na virefu, sasa ukikuta duka pana halafu dari imekaa sawa jua kuna chuma au mbao ndefu iliyotoka mbali. Boriti za chuma mara nyingi zina chapa ya kiwanda ubavuni, piga tochi ya simu uisome. Vigae vya paa vilevile, kikidondoka kimoja kigeuze, vile vya Mangalore kutoka India vina jina la kiwanda na mji mgongoni kabisa. Lakini vigae, milango na boriti vinatumika tena na tena, mtu anabomoa hapa anajenga kule, kwahiyo chapa ya kigae inakuambia umri wa kigae, haikuambii umri wa nyumba. Ichukulie kama shahidi mmoja tu, subiri wa pili na wa tatu.

Matundu ya ukutani pia. Tanga kila tundu utaambiwa ni la risasi za vita ya nyuki, ile ya 3 mpaka 5 Novemba 1914 Waingereza walipoleta jeshi kutoka India wakashukia upande wa Raskazone wakarudishwa. Vita ilikuwepo kweli na mjini walipigana kweli, ila jengo la 1929 haliwezi kuwa na tundu la 1914. Ya kwetu yalikua matundu ya vyuma vya kushikilia turubai la kivuli mbele ya duka, nilijua baada ya kuona yamepangana kwa umbali uleule.

Na mlango, jamani mlango. Kama jengo lina mlango wa nakshi, piga picha leo usisubiri wiki ijayo, mbele, nyuma, fremu yake, bawaba, komeo. Madalali wa milango wapo na wanajua bei kuliko mwenye nyumba. Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964 inalinda milango na fremu za nakshi zilizochongwa hapa nchini kabla ya 1940, siyo kitu cha mtu kukibandua akakisafirisha hivihivi, na wapangaji wengi hawajui kabisa hilo, waambie. Ila sheria hiyohiyo kwa majengo inalinda moja kwa moja yale ya kabla ya 1863 tu, mengine mpaka waziri ayatangaze. Maana yake majumba mengi ya maduka ya Tanga, yenye miaka tisini, mia moja, hayana ulinzi wowote wa moja kwa moja, yakiangushwa kesho yameangushwa. Hili linaniuma na ndo sababu kubwa naandika.

Sasa watu. Cha kwanza waambie wewe siyo dalali na siyo mnunuzi na hujatumwa na mtu. Mpangaji wa fremu ya zamani ukimuuliza habari za jengo anafikiria jambo moja tu, tunatolewa. Kalipa kilemba chake, ile pesa ya kuingilia fremu, kajenga wateja, halafu anakuja mtu na daftari anauliza mwenye nyumba nani, lazima afunge mdomo. Nenda na mtu wanaemjua, mi nilienda na mama. Shikamoo zako, kaa barazani, agiza kahawa na kashata kwa wote waliopo, na simu iache mfukoni siku ya kwanza yote.

Usiulize limejengwa lini, atakuambia la Mjerumani. Uliza, baba, wewe ulipoanza hapa fremu ya jirani walikua wanauza nini? Halafu ya pili yake? Mzee anaanza kutembea kichwani fremu moja baada ya nyingine, hapa alikua Mwarabu wa tende na halua, hapa kinyozi, hapa mama ntilie, na wewe unachora ramani ndogo, kila fremu mstari wake. Miaka hawataji kwa namba, wape mahali pa kushikia, ilikua kabla ya Uhuru au baada? Majumba yalipotaifishwa ulikua umeshahamia? Vita ya Amin? Ule msako wa wahujumu 1983 duka hili lilifungwa? Ruksa ya mzee Mwinyi ilikukuta bado hapa? Kwa hizo unapata mwaka kwa kukosea mmoja au miwili, inatosha kabisa.

Pale kwetu yupo fundi cherehani, babu mmoja mpole, kaanza kushona kwenye ile baraza akiwa kijana mdogo chini ya mjomba wake. Nilimuuliza babu una uhakika gani mmekaa hapahapa muda wote. Hakunijibu, aliisogeza cherehani pembeni kwa mikono miwili, ile nzito ya miguu ya chuma, akanionyesha sakafu. Kuna vishimo vinne kwenye saruji, vimelika na kuwa laini kama ndani ya kijiko, kila mguu umechimba chake, na kimoja cha mbele kulia kina kina zaidi kwa sababu ndo upande anaokanyagia. Nikaingiza kidole kikazama mpaka kwenye kucha. Akairudisha cherehani, miguu ikaingia yenyewe kwenye vishimo vyake, akaendelea na suruali ya mtu.

Siku ya tatu ndo akaleta kopo la biskuti. Na hapa nawaomba, hili kopo lipo karibu kila duka la zamani, litafuteni, ndani yake kuna risiti za kodi. Mpangaji wa zamani hatupi risiti ya kodi hata iweje, ndo ngao yake. Zipange kwa tarehe juu ya mkeka utaona jengo linabadilisha mikono mbele ya macho yako. Za juu kabisa zilikua za mwenye nyumba binafsi, zimeandikwa kwa mkono, zina jina la familia na sanduku la posta. Halafu kichwa kinabadilika ghafla, Msajili wa Majumba. Halafu tena kinabadilika, Shirika la Nyumba la Taifa.

Mabadiliko hayo siyo ya bahati mbaya. Aprili 1971 serikali ilipitisha sheria ya kutaifisha majengo ya kupangisha yenye thamani ya kuanzia shilingi laki moja, yakawekwa chini ya Msajili wa Majumba, na mengi yalikua ya Watanzania wenye asili ya Asia. Fidia nayo ilipungua kwa kadri jengo lilivokua na umri, la zaidi ya miaka kumi halikupata kitu. Shirika la Nyumba lilikuwepo tangu 1962, na 1990 likaunganishwa na Msajili wa Majumba. Kwahiyo ukikuta risiti inasema Msajili wa Majumba umeshajua ni kati ya 1971 na 1990, bila hata tarehe. Na ndo sababu kumbukumbu nyingi zimekatika hapo, familia iliyojenga ikaondoka kwenda Uingereza au Canada na picha zao na daftari zao za hesabu, wapangaji wakabaki na kuta. Fundi anakumbuka yule mama wa Kihindi wa ghorofani alipoondoka alimpa mkasi. Bado anautumia.

Karatasi nyingine yoyote ya kwenye kopo itazame kichwa chake. Ikisema Tanganyika Territory ni ya kati ya 1920 na 1961. Kama pesa iliyotajwa ni rupia ni ya kabla ya shilingi ya Afrika Mashariki kuingia 1921, kama ni rupia na heller, yaani senti za Mjerumani, basi ni kuanzia 1904, kabla ya hapo rupia ya Mjerumani ilikua inagawanywa kwa sarafu ndogo 64 zinazoitwa pesa. Namba ya simu yenye tarakimu mbili tatu, sanduku la posta lenye namba ndogo, hizo ni dalili za duka lililotangulia mjini. Piga picha hapohapo, usiombe kuondoka na kopo la mtu hata kwa nusu saa.

Ofisi ya ardhi sasa unaweza kwenda, maana una kitu cha kuuliza. Unahitaji namba ya kiwanja na kitalu, serikali ya mtaa watakusaidia au utaikuta kwenye mkataba wa upangaji, halafu unaomba upekuzi, wengi wanaita tu sachi, unalipia unapewa risiti. Mi niliambiwa ofisi moja kwamba faili halipo, nikarudi mara tatu, halipo, nikakata tamaa kabisa, kumbe natumia namba mpya ya kiwanja na faili limekaa kwa namba ya zamani. Namba ya zamani niliipata wapi? Kwenye risiti za kwenye kopo. Muda wote ilikua mikononi mwangu.

Kwenye hati angalia mambo mawili matatu. Kama jengo kweli ni la enzi ya Mjerumani, baada ya vita mali za Wajerumani zilishikwa kama mali ya adui zikauzwa, kwahiyo kukuta jina la Mhindi au Mgiriki kuanzia miaka ya 1920 kwenye jumba la Mjerumani ni kawaida tu. Na zile hati za kumiliki moja kwa moja ziligeuzwa kuwa za kukodi kwa serikali miaka 99 mwaka 1963, halafu 1969 zikawa hati za kumiliki kama tunazozijua leo, kwahiyo ukiona aina ya hati imebadilika miaka hiyo usidhani jengo limeuzwa.

Ukipata nauli nenda Dar, Nyaraka za Taifa wako Upanga, beba kitambulisho na barua ya utambulisho, penseli siyo kalamu, na uvumilivu. Mafaili ya Mjerumani yanaanza na herufi G, mengi ni mwandiko wa mkono wa kale ambao hata Mjerumani wa leo anahangaika nao, usiende nayo kichwakichwa, kama jengo lako ni la baada ya 1916 yaruke kabisa. Nauli ikikosekana, intaneti ina vitu. Tanga ilikua na gazeti la Kijerumani Usambara-Post na ilikua na gazeti la Kiswahili, Kiongozi, lililochapwa kwenye shule ya serikali hapahapa Tanga kuanzia 1904, na maktaba za Ujerumani zimeskani baadhi ya magazeti ya koloni. Soma matangazo ya biashara, habari kubwa achana nazo, kwenye matangazo ndo kuna majina ya maduka. Picha tafuta za Walther Dobbertin, alikua mpiga picha koloni hili na picha zake ziko kwenye hifadhi ya nyaraka ya taifa ya Ujerumani, nyingi zimewekwa wazi mtandaoni. Chukua picha ya barabara halafu kasimame mahali aliposimama yeye. Jengo lako kama halipo kwenye picha ya 1910 umejua ni la baada ya hapo bila kulipa shilingi.

Ukishapata mwaka jiulize pesa ilitoka wapi. Kwa Tanga jibu mara nyingi ni mkonge na reli. Reli ilianza kujengwa kutoka hapa 1893, ikafika Mombo 1905, na mwaka huohuo wa 1893 Richard Hindorf alileta mkonge, ilipona miche 62 tu na kutoka hiyo ndo mashamba yote. Miaka ya 1920 mashamba yalifufuka baada ya vita, manamba, wale vibarua wa mashambani, wanakuja kwa maelfu kutoka bara, siku ya mshahara wanataka shuka, sufuria, kanga ya kupeleka nyumbani. Nilipolijua hilo ndo nikaelewa kwanini jumba letu lina milango sita kwa mbele na vyumba vya stoo virefu nyuma, na kwanini mtu alithubutu kujenga 1928. Mwaka mmoja baadae mdororo wa dunia ukaangusha bei ya mkonge, na upande wa kushoto wa ghorofa mpaka leo haujamaliziwa, kuna kuta zimeishia kiunoni. Tulikua tunacheza humo tukidhani pamebomoka.

Mwisho andika, kwa Kiswahili, ukurasa mmoja au miwili. Ugomvi wa mirathi wa watu walio hai uache, majina yao uyaache pia kama hawajakuruhusu. Wazee wawili wakipingana andika maneno ya wote wawili, usichague. Halafu usiifungie kwenye simu, chapa nakala kwenye duka la steshenari, mpe kila mwenye fremu moja, moja peleka maktaba ya mkoa, moja serikali ya mtaa. Na chini ya ukurasa acha nafasi tupu ya kutosha. Nakala ya fundi nilimbandikia mwenyewe ukutani juu ya cherehani, wiki iliyofata nikakuta ameshaiandika kwa chaki ya kukatia nguo, kwamba ngazi ya nyuma zamani haikua pale ilikua upande wa kisima, na kisima kilikuwepo, mi hata sikujua kama kuna kisima.